Ile picha ya ukutani ifutwe

Najua nimeadimika. Wiki za mazoezi ya kufundisha si mchezo jamani. Nimerudi Mlimani juzi na begi moja, soli za viatu zimelika upande mmoja, na swali la mtoto wa kidato cha kwanza ambalo limekataa kunitoka kichwani. Kwa hiyo leo hakuna habari za boom wala za nani kapata supp. Leo nina hoja, na hoja yenyewe inahusu ukuta.

Shule niliyopangiwa sitaitaja, haina kosa kuliko shule nyingine. Kwenye ukuta wa nyuma wa darasa la kidato cha kwanza kuna picha iliyochorwa kwa rangi ya mafuta. Mnaijua, hata kama hamjafika huko. Viumbe watano wamepanga foleni kuelekea kulia. Wa kwanza ni sokwe, ameinama, mikono karibu iguse chini. Wa pili kanyanyuka kidogo, mweusi tii, mdomo wazi. Wa tatu ana rungu. Wa nne kashika mkuki. Wa tano amesimama wima, nywele zimechanwa upande, na rangi yake fundi aliichanganya mpaka ikatoka kama chai yenye maziwa mengi. Chini yake limeandikwa neno moja tu: MTU.

Chini ya picha hiyo, dawati la mwisho, anakaa kijana mmoja mweusi kuliko wenzake wote. Wanamwita Namba Mbili. Siku za mwanzo nilidhani ni jezi, maana kwenye mpira anacheza beki ya kulia, tena vizuri. Nikawa namwita hivyo hivyo hata mimi. "Namba Mbili, futa ubao." Anakuja, anafuta.

Wiki ya tatu nikafika kwenye chimbuko la binadamu. Sikuwa na chati, nikaona picha ya ukutani itanisaidia. Nikashika fimbo, nikaanza: huyu akawa huyu, huyu akawa huyu. Binti mmoja wa dawati la mbele akauliza kama Zinjanthropus wa Oldupai ni babu yetu. Nikajibu kwa kujiamini kabisa, "Ndiyo, babu yetu sote." Nikaendelea. Fimbo ilipogusa yule wa pili, darasa zima likaangua kicheko, vichwa vyote vikageukia dawati moja. Hapo ndipo nikaelewa lile jina. Yeye hakucheka. Alinyoosha mkono.

"Ticha, kwa hiyo wengine bado hatujafika mwisho?"

Nikasema nini? Nikasema, "Nyamazeni, acheni utani," nikafuta ubao, nikaingia kwenye zana za mawe. Nilimaliza wiki zangu zote bila kulirudia swali lile. Nimepata alama nzuri za BTP, mkaguzi alinisifu kwa "kulimudu darasa". Duh.

Sasa mimi ni wa Historia na Kiswahili, baiolojia niliiacha kidato cha nne na sikuikumbuka. Rumeti wangu ndiye wa sayansi, yeye anasoma ualimu wa Kemia na Baiolojia. Usiku wa kwanza niliporudi nilimweleza kisa chote nikitegemea anihurumie. Akaniuliza swali moja: "Kwani wewe mwenyewe unaamini ile foleni?" Nikanyamaza. Akatoa desa lake, tukakesha. Haya ninayoyaandika ni matokeo ya usiku huo na mingine kadhaa ya maktaba, na msimamo wangu ni huu: ile picha ifutwe kwenye kuta za madarasa yetu, na walimu tunaotoka vyuoni ndio wa kuanza. Si kwa sababu inaudhi tu. Ni kwa sababu ni ya uongo, na sasa hivi tunao ushahidi wa kutosha kusema hivyo.

Kwanza, inatoka wapi? Picha maarufu ya foleni hiyo ilichorwa na Rudolph Zallinger kwa ajili ya kitabu cha F. Clark Howell kilichotoka Marekani mwaka 1965. Ya kwao ilikuwa na viumbe 15. Wengine wakainakili, wakaipunguza, ikafika kwenye fulana, matangazo ya biashara na hatimaye kwenye ukuta wetu. Kila aliyenakili aliibakiza foleni. Na foleni ina maneno yake hata kama hayajaandikwa: wa mbele amefika, wa nyuma bado.

Hata kwa mifupa peke yake foleni ilikuwa imeshakataa. Chukua huyo Zinjanthropus niliyemfanya babu. Mary Leakey aliliona fuvu lake Oldupai mwaka 1959, lina umri wa miaka milioni 1.75 hivi. Leo wataalamu wanamweka kwenye ukoo wa Paranthropus, wenye magego makubwa ya kusaga, ukoo ulioishi jirani na wahenga wetu halafu ukatoweka bila kuacha mtoto. Pale pale Oldupai, kwenye tabaka za umri unaokaribiana, palikuwa na Homo habilis pia. Yaani bonde moja, aina mbili, wakati mmoja. Huyo si babu, ni ndugu wa babu aliyefariki bila uzao. Binti wa dawati la mbele, popote ulipo, nisamehe, nilikudanganya.

Lakini kilichoivunja foleni kabisa ni vinasaba vya kale. Hapa acha nieleze kama rumeti alivyonieleza, maana nilikuwa nadhani ni mambo ya sinema.

Kila chembe ya mwili wako ina maandishi, herufi kama bilioni tatu. Ukifa, maandishi yanaanza kuoza. Maji, joto na bakteria vinayakatakata mpaka yanabaki vipande vifupi vifupi. Rumeti akasema: fikiria desa la kurasa elfu limeliwa na panya, limeloa mvua, halafu limechanganywa na magazeti. Huwezi kulisoma moja kwa moja. Lakini ukikuta vipande vingi vya nakala nyingi za desa lile lile, unavilinganisha, hiki kinaendelea pale kile kilipoishia, mpaka unapata habari. Wanatoboa mfupa, mara nyingi ule mgumu unaozunguka sikio la ndani, wanachukua unga kidogo sana, wanafanya kazi wamevaa kama madaktari wa upasuaji ili vinasaba vyao wenyewe visiingie. Na maandishi ya kale yana alama ya uzee: kwenye ncha za vipande herufi fulani huharibika kwa namna inayojulikana, kwa hiyo wanaweza kutenganisha cha marehemu na cha aliyemshika jana.

Aliyeifungua njia hii zaidi ni Svante Pääbo, Mswidi aliyefanya kazi Ujerumani, akapata Nobel ya tiba mwaka 2022. Mwaka 1997 kundi lake lilisoma kipande kidogo cha vinasaba vya Mneanderthali, kutoka kwenye mifupa ile iliyopatikana Ujerumani mwaka 1856. Wale ni watu wenye vifua vipana na mifupa minene walioishi Ulaya na Asia ya magharibi, wakatoweka miaka kama 40,000 iliyopita. Kipande kile kilikuwa cha mitokondria, ambacho mtu hurithi kwa mama tu, na kilionekana tofauti na chetu. Basi wengi wakahitimisha: hao walikuwa mbali, hatukuchanganyika nao. Foleni ikapona.

Miaka 13 baadaye, mwaka 2010, kundi lile lile likatoa jenomu ya Mneanderthali, safari hii maandishi ya kiini cha chembe, sio ya mama pekee. Na jibu likageuka. Watu wa leo wenye asili ya nje ya Afrika wanabeba sehemu ndogo ya Mneanderthali, kwa hesabu za sasa kama asilimia 1 hadi 2. Mwaka huo huo mfupa wa kidole kutoka pango la Denisova, Siberia, ukatoa watu ambao hakuna aliyejua walikuwepo. Wadenisova waligunduliwa kwa maandishi kabla ya sura zao, na sehemu yao ipo leo kwa watu wa Papua na visiwa vya jirani. Halafu mwaka 2018 ikatangazwa habari ya kipande cha mfupa chenye urefu wa sentimita mbili hivi, kutoka pango hilo hilo. Kilikuwa cha msichana aliyeishi miaka kama 90,000 iliyopita. Mama yake Mneanderthali, baba yake Mdenisova. Mtoto kabisa wa ndoa ya makabila mawili, au tuseme wa makubwa zaidi ya makabila!

Sasa huyo msichana utamweka namba ngapi kwenye foleni? Rumeti aliponiuliza hivyo nilitazama dirishani. Mnajua zile njia za miguu tunazopita kutoka hosteli kwenda madarasani. Hakuna aliyezipanga. Moja inagawanyika pale kwenye mti, nyingine inafia vichakani, mbili zinakutana tena karibu na ngazi. Asubuhi ukiwatazama watu huwezi kusema nani yuko mbele ya nani, kila mtu katokea kwake na wote wana kipindi saa moja. Ukoo wetu ndivyo ulivyo. Aina kadhaa za watu zilitembea duniani wakati mmoja, zikaachana, zikakutana, zikazaa, nyingine zikaishia njiani.

Nikiri jambo la aibu hapa. Niliposikia kwamba Wazungu na Waasia wana Uneanderthali na sisi hatuna, nilichekelea. Nikamwambia rumeti, "Basi wao ndio Namba Mbili!" Hakucheka. Akasema nimefanya kile kile walichofanya wale watoto, nimegeuza tu upande wa foleni. Halafu akanionyesha kwamba utafiti uliotoka mwaka 2020 umekuta Waafrika nao wana chembe chache, kama asilimia 0.3, zilizoletwa hasa na watu waliorudi barani maelfu ya miaka iliyopita. Na zaidi ya hapo, Mneanderthali hakuwa bwege: alitengeneza zana ngumu kutengeneza na alizika wafu wake. Kwa hiyo hata tusi lenyewe halina mahali pa kukaa.

Tuje kwenye rangi, maana ndiko kicheko kilikotoka. Kwenye ile picha mweusi ni wa zamani na mweupe ni wa mwisho. Vinasaba vya kale vinasemaje? Mwaka 2014 ilisomwa jenomu ya mwanamume aliyeishi Hispania miaka kama 7,000 iliyopita, akiwa mwindaji. Ngozi nyeusi, macho ya bluu. Mwaka 2018 wakatangaza habari za yule anayeitwa Mtu wa Cheddar, mifupa yake ilifukuliwa Uingereza mwaka 1903 na ina umri wa miaka kama 10,000. Kwa makadirio ya jeni zake, naye ngozi ya giza na macho ya rangi ya maji. Ndiyo, Uingereza! Weupe tunaouona Ulaya leo ulienea huko katika miaka 8,000 hivi iliyopita, kwa sehemu kubwa ukiletwa na wakulima waliotokea upande wa Uturuki ya leo. Miaka 8,000 kwenye historia ya Homo sapiens, aliyekuwepo Afrika tangu miaka kama 300,000 iliyopita, ni jana jioni.

Na huku kwetu? Profesa Sarah Tishkoff na wenzake, wakiwemo watafiti wa Afrika, walichunguza vinasaba vya watu zaidi ya 1,500 wa Ethiopia, Tanzania na Botswana walio hai, wakatoa matokeo mwaka 2017. Walikuta jeni za weusi na za weupe zote zipo Afrika, nyingi zikiwa na umri mkubwa kuliko Homo sapiens mwenyewe. Na kwa karibu nusu yake, ile ya weupe ndiyo ya zamani na ya weusi ilizuka baadaye. Rumeti akaongeza, "Mnyoe sokwe wa Gombe uone ngozi yake ilivyo chini ya manyoya." Ni nyeupe, wadau. Yaani tukilazimisha kupanga foleni kwa rangi, mweusi tii angeweza kuwekwa mbele. Lakini hatupangi, si tumekubaliana?

Sasa nije nyumbani, kwenye sehemu iliyoniuma zaidi.

Huenda unajiuliza kwa nini habari zote hizi ni za Siberia na Hispania wakati sisi ndio wenye Oldupai na nyayo za Laetoli za miaka milioni 3.66. Sababu kubwa ni joto. Vinasaba hudumu kwenye baridi kama samaki kwenye friji, na jua letu halina huruma. Ndiyo maana Zinjanthropus ana fuvu lakini maandishi yake hatuna. Kwa muda mrefu Afrika ikawa kama mwanafunzi aliyekuja darasani mapema kuliko wote, lakini kwenye daftari la mahudhurio hayumo.

Jenomu kamili ya kwanza ya kale kutoka Afrika ilitoka mwaka 2015, ya mwanamume wa pango la Mota, Ethiopia, aliyeishi miaka 4,500 iliyopita. Halafu mwaka 2022 kundi la watafiti 44, wakiwemo Watanzania, likachapisha vinasaba vya watu sita wa kale kutoka Tanzania, Malawi na Zambia. Wawili ni wa kwetu. Mmoja ni wa Kisese, Kondoa, kwenye yale mapango ya michoro, mwenye miaka kama 7,000. Mwingine ni wa Mlambalasi, Iringa, mwenye miaka kati ya 17,000 na 20,000. Wakati matokeo yanatoka, vilikuwa ndivyo vinasaba vya watu vya zamani zaidi kuwahi kusomwa Afrika kusini ya Sahara. Na vinasema nini? Kwamba wale wawindaji walikuwa na asili tatu zilizochanganyika: moja inayofanana na ya yule wa Mota kaskazini, moja ya watu wa kusini kama Wasan, na moja ya watu wa msitu wa Kongo kama Wambuti. Maelfu ya miaka kabla hajatokea Mbantu, Mkushi wala Mnailoti wa kwenye vitabu vyetu, watu wa nchi hizi walishatembeleana kutoka mbali sana na kuoana.

Lakini ngoja. Mlambalasi. Wahehe mliopo hapa mmeshashtuka. Ndiyo, ni pale pale alipozikwa Mkwawa. Mtwa Mkwawa aliwapiga Wajerumani Lugalo mwaka 1891, wakamwinda miaka mingi, akajiua mwaka 1898 ili wasimkamate. Alizikwa bila kichwa, kwa sababu kichwa walikikata wakaondoka nacho. Dai la kurudishwa kwake liliingizwa hadi kwenye mkataba wa Versailles wa mwaka 1919, na fuvu likaja kurudi Kalenga mwaka 1954. Kwa hiyo chini ya miamba ile ile yapo mambo mawili: mtu wa kale aliyesomwa vinasaba, na kaburi la kiongozi ambaye fuvu lake lilikuwa Ulaya zaidi ya miaka hamsini.

Na fuvu lile halikuwa peke yake. Zama hizo wasomi wa Ulaya walikuwa wanakusanya mafuvu ya watu wa makoloni na kuyapima kwa rula na bikari, wakitafuta nani yuko wapi kwenye ngazi ya ubinadamu. Sasa mnaona? Wazo la ngazi lina umri mkubwa kuliko picha ya mwaka 1965. Picha yetu ya ukutani ni mjukuu wa rula zile. Watu walichimbuliwa makaburini na wengine walinyongwa, mifupa yao ikasafirishwa, ili lile swali la Namba Mbili lipate jibu la "ndiyo, bado hamjafika". Nami nikasimama na fimbo darasa zima likicheka.

Mwaka 2023 taasisi inayosimamia makumbusho ya Berlin ilimaliza utafiti wa mafuvu 1,135 yaliyotoka Afrika Mashariki, mengi ya Rwanda, karibu 200 ya Tanzania. Wakapima vinasaba vya machache na kulinganisha na familia zilizo hai Kilimanjaro. Mafuvu matatu yakapata ndugu zao. Mojawapo linatambuliwa kuwa la mshauri wa Mangi Meli, yule aliyenyongwa Old Moshi mwaka 1900. Elimu ya mifupa iliyotumika kuwapanga watu safari hii imetumika kumwambia mtu, "huyu ni wa kwenu, njooni mumchukue". Nilivyosoma hapo niliacha kusoma kwa muda, nikatoka nje.

Najua mtanijibu nini, kwa hiyo nianze mwenyewe.

Wa kwanza atasema: "Wewe ticha, mtihani unataka hatua. Usipowafundisha hatua watafeli." Kweli. Wafundishe majina yote, Australopithecus, habilis, erectus, na miaka yao. Hayo yamo ardhini na yamepimwa. Ninachokataa ni mshale kutoka huyu kwenda huyu kana kwamba mmoja aligeuka mwingine usiku. Mtoto anaweza kuandika jibu la mtihani na bado akajua kwamba baadhi yao walikuwa majirani.

Wa pili atasema: "Hao wanasayansi wenyewe wanabadilika kila siku." Kweli tena. Tumeona 1997 na 2010. Hata ule utafiti wa Mota ulipotoka ulidai kwamba watu waliorudi kutoka Asia walisambaza vinasaba vyao Afrika nzima. Wenzao wakakagua, wakakuta kosa la kulinganisha data kwenye kompyuta, na mwanzoni mwa 2016 wenyewe wakatangaza kwamba dai la "Afrika nzima" si sahihi. Kwangu mimi hilo ndilo somo lenyewe. Watu wazima, wenye majina, jarida kubwa, wamesimama wakasema tulikosea hapa. Mimi mbele ya watoto arobaini wa kidato cha kwanza nilishindwa.

Wa tatu atasema habari za Adamu na Hawa. Ndugu yangu, sijagusa imani ya mtu, mama yangu mwenyewe akisoma hapa ataniombea. Lakini hata wewe unayeamini udongo na pumzi, imani yako inakuambia watu wote ni wa ukoo mmoja. Basi foleni ile inakutukana wewe pia. Tushirikiane kuifuta, mengine tutabishana baadaye.

Mimi naona mwalimu hahitaji maabara ya Ujerumani kulitengeneza hili. Anahitaji mambo matatu tu. Aseme "walikuwepo pamoja" badala ya "akawa". Aseme "hatujui bado" pale ambapo hatujui, na asione aibu. Na akisikia kicheko darasani asimame papo hapo, asikimbilie zana za mawe. Hili la tatu halihitaji hata kitabu.

Nimeanza na langu. Jana nilimwandikia mwalimu mwenyeji wangu kule shuleni, nikamweleza yote, hata uongo wa Zinjanthropus, nikamwomba awasomee darasa barua niliyoambatanisha. Kwa yule kijana nilitumia jina lake la kwenye daftari la mahudhurio, ambalo kwa kweli ilibidi niulizie, na hiyo ni aibu nyingine. Nimemwandikia kwamba swali lake lilikuwa zuri kuliko somo langu. Kwamba hakuna mwisho ambao wengine wamefika na yeye hajafika. Kwamba yeye, mimi, Mtu wa Cheddar na yule wa Mlambalasi wote ni Homo sapiens kamili, hakuna wa nusu.

Mwalimu amejibu leo asubuhi, kifupi kama kawaida yake: "Barua nitasoma. Rangi nyeupe ya kufutia ipo stoo. Lakini ukuta mtupu haufai, njoo mwenyewe uchore nyingine."

Sasa hapo ndipo penye tatizo wadau, mimi hata mbuzi nikichora anatoka meza. Ninachotaka ninakijua: njia nyingi za miguu zinazoachana na kukutana, watu wa kila rangi ndani yake, Oldupai, Mlambalasi na Kisese ziwe na majina, na kona moja iachwe wazi iandikwe "hapa bado tunatafuta". Wa sanaa mliopo Mlimani, kuna mmoja wenu anaweza? Nauli ya basi kwenda na kurudi juu yangu, boom likishatoka. Pa kulala tutapewa, na chakula cha kule ni kizuri kuliko cha hapa.

Anayeweza anitafute hosteli, mlango wenye kufuli la bluu. Nikikosekana mwambieni rumeti. Ila asiwapige somo la sokwe, mtachelewa kipindi.

Tuonane.